Sijambo ya Bi Mize

Hapo zamani, wakati kalamu zilipokuwa za mwanzi na wino wa masizi, na mtu akisema kesho alikuwa na maana ya siku inayofuata, ulikuwako mji ukiitwa Kizimbari, na mtawala wake alikuwa Sultani Zubeiri. Alikuwa mtu wa haki, au kwa uchache mtu wa kanuni, na katika mji ule hakuna aliyethubutu kuuliza kama hivyo ni vitu viwili.

Sultani huyo alitunga kanuni arobaini, na aliyoipenda kuliko zote ni Kanuni ya Huruma. Ilisema kwamba mfungwa mwenye mzazi, mke au mtoto aliye mgonjwa taabani, na asiyekuwa na mtu mwingine wa kumuuguza, atapewa ruhusa ya kutoka gerezani akamuuguze, na ruhusa hiyo itaendelea mpaka mgonjwa awe hajambo. Na ili pasiwe na udanganyifu, karani wa Sultani atakwenda kila siku baada ya sala ya alfajiri, asimame kando ya kitanda, amuulize mgonjwa, "Hujambo?", na jibu aliandike daftarini kama lilivyotamkwa, pasipo kuongeza wala kupunguza. Siku mgonjwa atakapojibu kuwa hajambo, ruhusa imekwisha, na mfungwa awe amerudi gerezani kabla ya sala ya alasiri.

Basi tangu kanuni itungwe, wafungwa kumi na tisa walipewa ruhusa, na hakuna hata mmoja aliyelala kwao zaidi ya usiku mmoja. Sultani alifurahi sana. Aliwaambia wageni kwamba hewa ya Kizimbari ina dawa ndani yake.

Aliyejua sababu ni karani. Jina lake Mbaruku, kijana mwembamba, mtu wa wasiwasi, ambaye hakutoka nyumbani bila kuhakikisha mara tatu kwamba kifuniko cha wino kimekaza. Alijua kwa kuwa yeye ndiye aliyesimama kando ya vitanda. Mtu wa Kizimbari, hata akiwa amebakiza pumzi chache, akiulizwa hujambo hujibu sijambo, na baada ya hapo ndipo hueleza kwamba anakufa. Lakini kanuni iliuliza swali moja na kuandika jibu moja. Kulikuwa na mzee, baba wa mfungwa wa kumi na mbili, aliyejibu "Sijambo, alhamdulillahi" jua likichomoza, mwanawe akarudishwa gerezani, na adhuhuri mzee akazikwa na majirani. Daftarini amepona mpaka leo. Mbaruku aliufungua ukurasa ule mara nyingi kuliko ilivyohitajika, akitafuta kosa la mwandiko, asilione.

Ikawa mwaka mmoja akafungwa mtu jina lake Pandu. Kazi yake ilikuwa kuwamba vitanda kwa kamba za makumbi, na kwa umaskini wake yeye mwenyewe alilala chini, kwa maana kitanda pekee cha nyumba alikuwa amempa mama yake. Kosa lake lilikuwa hivi. Siku ya Idi malenga alisimama mbele ya watu akamsifu Sultani, akasema, "Wewe ndiwe jua letu," na Pandu, aliyeketi mstari wa mbele, akainuka taratibu akahamia kivulini. Alipoulizwa maana yake, alisema ameitikia shairi. Akapewa miezi saba.

Mwezi wa pili wa kifungo chake mama yake, Bi Mize, akaota jipu gotini, jipu likazaa homa, mguu ukavimba mpaka kwenye kifundo. Pandu akaomba ruhusa, akapewa bila shida, kwani ruhusa Kizimbari haikuwa ngumu kupata. Ngumu ilikuwa kukaa nayo.

Asubuhi iliyofuata Mbaruku akafika mlangoni.

"Hodi."

"Karibu, karani," akajibu Pandu kutoka ndani. "Inama, mlango huu ulijengwa na mtu mfupi."

Akaingia. Bi Mize alikuwa amelala chali, mguu umeinuliwa juu ya mto wa usufi, unang'aa kwa uvimbe. Pandu alichutama kando akiukanda kwa kitambaa cha maji ya moto na chumvi, na chumba kilikuwa na ile harufu ambayo mtu akiisikia mara moja haisahau.

"Shikamoo, Bi Mize."

"Marahaba, mwanangu."

Mbaruku akafungua daftari, akachovya kalamu, akasimama umbali wa mkono mmoja kutoka kitandani, kama kanuni ilivyomtaka. Pandu akamwangalia mama yake kama mtu anayeangalia mtungi uliowekwa ukingoni.

"Bi Mize, hujambo?"

"Sijambo, mwanangu," akajibu mama. Sauti ilitoka kwa taabu, lakini ilitoka nzima. "Wewe je, hujambo? Mama yako hajambo? Kile kifua chake kimemwachia? Na mkeo, na watoto?"

"Hatujambo, bibi. Mke bado sijaoa."

"Utaoa. Mtu mwenye mwandiko hakosi mke."

Mbaruku akaandika: hajambo.

"Karani," akasema Pandu, "umeuona mguu?"

"Nimeuona."

"Harufu umeisikia?"

"Nimeisikia."

"Umeandika nini?"

"Hajambo."

"Vyema. Nilitaka tu kujua kama tumo chumba kimoja." Kisha akamgeukia mama yake. "Mama, jana tulikubaliana nini?"

"Hatukukubaliana. Wewe ulisema, mimi nikanyamaza."

"Nilikuomba ujibu, nina jambo."

"Nimwambie hivyo mtoto wa watu aliyeamka alfajiri kuja kunijulia hali? Mimi sikuokotwa jaani, Pandu. Nilizaliwa na watu, nikafundwa. Salamu ni salamu. Tukishamaliza salamu na aniulize ugonjwa, nitamweleza mpaka achoke."

"Haulizi, mama. Kanuni haimruhusu."

"Basi kanuni haikufundwa."

Mbaruku akajifanya anaupuliza wino ukauke. Lakini walipotoka nje hakuondoka. Akasimama akikaza kifuniko cha wino ambacho kilikuwa kimekwisha kukazwa.

"Nikirudi gerezani," akasema Pandu, "jirani atamletea uji, ni mtu mwema. Lakini uji haumgeuzi mgonjwa kitandani. Usaha ule lazima ukamuliwe mara tatu kwa siku. Mganga amesema usipokamuliwa, damu itaharibika, na wiki haifiki."

"Kanuni ya thelathini na tatu," akasema Mbaruku kwa sauti ndogo, "inasema mfungwa aweza kuomba nyongeza ya ruhusa, barazani, mbele ya Sultani mwenyewe, kabla ya alasiri."

"Yuko aliyewahi kuomba?"

"Hakuna. Wote walirudi wakilia."

"Basi nikienda mimi, angalia kwanza kama Sultani ana leso," akasema Pandu, akaingia ndani kumwaga maji.

Adhuhuri ile Pandu akasimama barazani, na watu walikuwa wengi, kwa sababu habari kwamba kuna mtu anaomba jambo ambalo halijapata kuombwa huenda mbio kuliko farasi.

"Karani," akauliza Sultani, "mama wa mtu huyu alijibu nini?"

"Alijibu sijambo, Seyyid."

"Kwa kinywa chake?"

"Kwa kinywa chake."

"Seyyid," akasema Pandu, "ile ilikuwa salamu."

"Salamu ni maneno, na maneno ni ushahidi. Wataka nimwite mama yako mwongo mbele za watu?"

"Hasha. Mama yangu si mwongo. Ana adabu."

Watu wakachekea puani. Sultani akangoja wanyamaze, na alipokuwa akingoja alikuwa amekwisha kutunga neno lake.

"Wewe wadai jibu lile ni adabu tu, halina maana. Mimi nasema neno likitamkwa limetamkwa, na aliyelitamka amefungwa nalo, awe mwamba vitanda au awe nani. Basi nakupa siku tatu. Nitafutie mtu mmoja wa Kizimbari, mwenye akili timamu na malezi mema, ambaye adabu yake yajulikana mji mzima, aulizwe hujambo naye ajibu, nina jambo. Asiwe mlevi, asiwe mwehu, asiwe mtoto, wala asiwe amefundishwa la kusema. Ukimpata, nitaongeza ruhusa yako mpaka mama yako asimame kwa miguu yake. Usipompata, miezi mitano iliyokubakia itakuwa kumi, na hutatoka tena hata kwa mazishi."

Pale barazani kila mmoja akaanza kupekua moyoni watu anaowajua, na kila mmoja alifika mwisho wa orodha mikono mitupu.

"Na karani ataandika majibu kama yanavyotamkwa?" akauliza Pandu.

"Kama yanavyotamkwa."

"Ya mtu yeyote?"

"Ya mtu yeyote atakayeulizwa. Karani, andika na hilo."

Mbaruku akaandika na hilo.

Siku ya kwanza Mbaruku alipita kwa Pandu asubuhi, akamkuta anamlisha mama yake uji kwa kijiko cha kifuu.

"Umeshampata?"

"Sijatafuta."

Mbaruku akaondoka, lakini hakuweza kutulia, akaanza kutafuta yeye mwenyewe. Siku ile aliwauliza watu arobaini na mmoja hujambo. Alimuuliza mtu aliyekuwa akitoka kung'olewa jino, damu mdomoni, naye akajibu "Hijambo." Alimuuliza mwanamke ambaye mbuzi wake wawili walikuwa wamekufa jana yake, na mzee aliyeteleza kisimani akawa bado amelala pale alipoangukia. Mzee akasema, "Sijambo, mwanangu, nimevunjika nyonga tu." Mbaruku akamsaidia kubebwa nyumbani, akarudi kwake, akakata tamaa.

Siku ya pili akamkuta Pandu amemhamishia mama yake mkekani, naye anavuta kamba mpya kwenye kitanda, mguu mmoja ameuegemeza kwenye tendegu.

"Pandu, kesho ndiyo mwisho."

"Najua. Ndiyo maana nafanya haraka. Kamba zilikuwa zimelegea, na kitanda hiki kesho kitakaliwa."

"Na nani?"

"Nenda kamwambie Sultani mtu amepatikana. Lakini mtu huyo hatokezi barazani kujibu maswali, huko yeye huuliza tu. Kesho baada ya alfajiri atakuwa hapa, kando ya kitanda cha mama yangu. Seyyid aje mwenyewe, nawe uje na daftari."

"Umemfundisha la kusema?"

"Mtu huyo hafundishiki."

Mbaruku akalipeleka neno lile kama lilivyotamkwa, isipokuwa kipande cha barazani, ambacho hakukielewa, naye hakupenda kufikisha kitu asichokielewa. Sultani akacheka, akasema, "Nitakwenda. Nataka nimwone mtu huyo kwa macho yangu, na nimrudishe Pandu gerezani kwa mkono wangu."

Ikawa siku ya tatu, jua halijapanda, Sultani Zubeiri akafika kwa Bi Mize na askari wawili na karani wake. Hakuna aliyemwambia habari za mlango. Akaingia ameshika paji la uso, akatazama huku na huku, na chumbani hakumwona mtu ila mama kitandani na mwanawe kando yake na kitambaa cha maji ya chumvi.

"Yuko wapi mtu wako?"

"Atajitokeza, Seyyid. Lakini tumeingia kwa mgonjwa, na mgonjwa hapitwi bila salamu."

Neno lile lilikuwa la kweli, na zaidi ya hapo Sultani aliona lampa faida. Akasogea, akasimama umbali wa mkono mmoja kutoka kitandani, akasema kwa sauti ya kanuni, "Bi Mize, hujambo?"

"Sijambo, Seyyid wangu."

Sultani akatabasamu. "Andika, karani."

"Na wewe, mwanangu," akaendelea Bi Mize, "hujambo?"

"Sijambo," akasema Sultani, hali akianza kugeuka aende zake.

Hakuna aliyemfuata. Akageuka tena. Kila mtu alikuwa amesimama kama alivyokuwa, ila mkono wa karani ulikuwa ukienda.

"Waandika nini tena, Mbaruku?"

"Jibu, Seyyid." Mbaruku alisoma kila neno. "Sultani Zubeiri, alipoulizwa hujambo, amejibu, sijambo. Seyyid aliniamuru niandike ya mtu yeyote atakayeulizwa."

Pandu akakamua kitambaa, akakitundika ukingoni mwa beseni.

"Alhamdulillahi," akasema. "Mama, tumepumua. Mimi niliambiwa Sultani ana jambo nami, la miezi mitano. Kumbe hana. Mtu asiye na jambo hana shauri na mtu, na aliyelitamka neno amefungwa nalo, awe mwamba vitanda au awe nani. Basi, Seyyid, asante kwa kuja kutazama mgonjwa. Uangalie mlango ukitoka."

Askari mmoja akaanza kuhesabu boriti za dari. Mishipa ya shingo ya Sultani ikasimama, na aliposema alisema polepole, jambo ambalo waliomjua waliliogopa zaidi.

"Sina jambo? Mimi nina jambo nawe, Pandu. Nina jambo kubwa."

Kalamu ikaandika. Mbaruku hakuinua macho.

"Karani," akasema Pandu, "umeandika nini?"

"Nina jambo kubwa."

"Seyyid, mtu yule ana akili timamu?"

"Nani athubutuye kusema sina?"

"Si mimi. Na malezi yake ni ya watu wema, na adabu yake yajulikana mji mzima, na si mlevi wala mtoto. Wala hakufundishwa la kusema, mimi ni shahidi, nimeshangaa kama wengine." Akamwinamia Sultani kidogo. "Mtu amepatikana, Seyyid. Sasa jibu la kwanza likisimama, mimi si mfungwa tena. La pili likisimama, nimetimiza agizo. Na ukisema yote mawili yalikutoka tu, la kwanza kwa adabu na la pili kwa hasira, basi na mama yangu lilimtoka. Chagua unalotaka. Mimi sina haraka, nina mguu wa kukamua."

Hapo Sultani akafungua kinywa, na Mbaruku akaona wazi kabisa ni neno gani lilikuwa linakuja, nalo lilikuwa neno la viboko. Lakini kabla halijatoka, sauti ikatoka kitandani.

"Jambo gani, mwanangu?"

Ni Bi Mize. Katika yote yaliyosemwa alikuwa ameshika moja tu.

"Nini?" akasema Sultani.

"Umesema una jambo. Tena kubwa. Sogea uketi hapa kitandani, kamba ni mpya. Una jambo gani?"

Sultani akabaki amesimama. Kisha akageuza kichwa, akamwelekezea mama yule sikio lake la kulia, akasema, "Rudia, bibi, na usemee upande huu."

"Nauliza, una jambo gani?"

Sultani akaketi. Kamba zikalia, zikakaza. Akawatazama askari, nao wakatoka nje bila kuambiwa.

"Sikio," akasema. "La kushoto. Mwaka wa pili huu. Ni kama limeshindiliwa pamba, na ndani mna sauti ya mtu anayetwanga mbali."

"Umemwambia nani?"

"Tabibu wangu huja kila Jumatatu."

"Naye hukuulizaje?"

"Huniuliza, hujambo, Seyyid."

Hakuna aliyecheka, ingawa Pandu ilimbidi ashughulike na beseni. Mbaruku yeye alikuwa akikumbuka jinsi baraza lilivyopangwa, kwamba wenye kushitaki husimama kushoto kwa Sultani na wenye kushitakiwa kulia, na kwamba kwa mwaka mzima na zaidi hakuna aliyeshitaki akashinda. Akaanza kuzihesabu kesi zile kichwani, akaziacha.

"Pandu," akasema Bi Mize, "nipashie mafuta ya nazi. Yawe ya uvuguvugu, usiniunguzie mtoto wa watu."

Mafuta yakaletwa katika kifuu. Bi Mize akajaribu tone moja mkononi mwake, akamwambia Sultani alale ubavu, na Sultani wa Kizimbari akalaza kichwa chake kwenye ukingo wa kitanda cha kamba, kilemba mkononi, macho ameyafumba. Mama akamvuta ndewe ya sikio, akatia tone, akangoja, akatia jingine, akangoja tena, akimuuliza habari za watoto wake mmoja mmoja ili asijitikise. Hatimaye akasema, "Geuka," na katika kitambaa pakatoka donge jeusi kadiri ya mbegu ya ukwaju.

Sultani akainuka. Akatazama huku na huku kwa mashaka, kama mtu anayeitwa.

"Mbaruku," akasema, "hiyo kalamu yako ina kelele."

"Ndiyo, Seyyid. Siku zote."

Sultani akavaa kilemba chake taratibu. Mtu akikuuliza jambo lako, akalisikiliza, akakuondolea, kuna neno linalofuata ambalo hata Sultani hana njia ya kulikwepa, naye alikuwa amelelewa vyema.

"Na wewe, bibi? Wewe una jambo gani?"

Bi Mize akaivuta kanga, mguu ukaonekana wote.

"Mguu huu, mwanangu, unaniua," akasema kwa sauti ileile ya adabu aliyokuwa akiulizia watoto. "Usiku unapiga kama ngoma, na homa inanijia mara mbili kwa siku. Mwanangu huyu akirudi gerezani leo, Ijumaa haitanikuta. Nilikuwa nangoja niulizwe."

Sultani akautazama mguu. Aliutazama kwa muda mrefu, kwa sababu ulikuwa hapo muda wote naye alikuwa amesimama umbali wa mkono mmoja. Kisha akacheka kidogo, kicheko cha mtu aliyeshindwa nyumbani kwa watu, akajishika paji la uso lililokuwa bado linauma.

"Karani, ongeza ruhusa. Mpaka asimame."

"Kwa jibu lipi, Seyyid? Ya kwako ni mawili."

"Kwa jibu la bibi. Na tangu leo swali la kanuni ni hilo alilouliza yeye."

"Na hujambo, Seyyid?"

"Uliza kwanza, wewe ni mtu wa adabu. Usiandike."

Basi ruhusa ya Pandu ikaendelea siku hamsini na tatu. Jipu likakauka, uvimbe ukashuka, Bi Mize akasimama, akaenda mpaka kisimani akarudi, akalalamika kwamba kamba za kitanda zimekazwa mno. Siku ya hamsini na nne Pandu akafunga furushi lake la nguo, akaenda gerezani kwa miguu yake, kwa kuwa ruhusa ni ruhusa. Bawabu akakataa kumfungulia.

"Imeandikwa Sultani hana jambo nawe," akasema bawabu.

"Soma mstari unaofuata."

"Seyyid ameagiza tukusomee mstari mmoja tu."

Pandu akafikiri, akaona hilo ni jibu ambalo angelitoa yeye, akarudi nyumbani.

Ama karani Mbaruku, kazi yake ilianza kumchukua mpaka adhuhuri. Alikwenda kwa mgonjwa wa kwanza chini ya swali jipya, mama wa mfungwa mmoja, akasalimu, akaitikiwa sijambo, hakuandika, kisha akachovya kalamu akauliza, "Bibi, una jambo gani?" Bibi akajiweka vizuri kwenye mto. Akaanza na kichwa, akapitia mabega, akageukia paa linalovuja na mkwe wake wa pili, na Mbaruku, ambaye hakuongeza wala kupunguza, alipofika ukurasa wa nne akamwomba ampe nafasi akaongeze wino, maana kwenye miguu walikuwa bado hawajafika.